Somo wa unyagoni na somo la darasani

Swali: "Nilimaliza darasa la saba mwaka 1993. Mambo ya mwili tulifundishwa kipindi kimoja tu. Mwalimu alichora mfumo wa uzazi ubaoni, akatupa mgongo mpaka kengele ikalia. Mengine yote nilifunzwa na somo wangu nilipovunja ungo. Sasa binti yangu ana miaka 10, yuko darasa la tano, chuchu zimeanza kuchomoza, naye hana somo. Siku hizi shuleni wanafundisha nini hasa, kimebadilika nini, na je, nimwachie mwalimu?" – Mama, Kibaha

Jibu:

Mama, usimwachie mwalimu peke yake, wala usingoje avunje ungo ndipo uanze. Chuchu zikishachomoza, hedhi ya kwanza kwa kawaida hufuata baada ya miaka miwili hivi, na wapo wanaowahi zaidi. Muda unao, ila si wa kuahirisha kila likizo.

Kuhusu yaliyobadilika, tuanze na ule mgongo wa mwalimu wako, kwa sababu haukuwa uvivu. Katika jamii nyingi za Pwani na kusini, mzazi hamfundishi mwanawe mambo haya; ni mwiko. Kazi hiyo ilikuwa na mwenyewe: somo, kungwi, nyakanga, au bibi ambaye kwa utani wake anaruhusiwa kutamka yale mama asiyoweza kutamka. Somo alikuwa na ruhusa ya kutaja kila kitu kwa jina lake, alitunza siri, alikuwa na nyimbo na ngoma za kukumbukia mafunzo, na alikuwa na muda. Kwa Wazaramo na Wakwere wa huko kwenu, mwali alikaa ndani kwa miezi kabla ya kutolewa. Mwalimu wa sayansi anapewa dakika 40, watoto 70 mbele yake, wa kike na wa kiume wamechanganyika, na huenda mmoja wao ni mtoto wa dada yake. Lugha yetu imeita vitu viwili kwa neno moja, somo wa unyagoni na somo la darasani, na historia yote unayoiuliza ni ya la pili kukabidhiwa kazi ya wa kwanza bila kukabidhiwa vifaa vyake.

Tusiupambe unyago, hata hivyo. Sehemu kubwa ya mafunzo yake ilihusu nyumba na mume, na msichana akishachezwa, yaani akishapitishwa unyagoni, alihesabiwa mtu mzima hata kama ana miaka 13. Kukataa hakukuwa sehemu ya mafunzo. Kwa wavulana nao jando lilikuwa na darasa lake porini, tohara ikiwa ni kitendo kimoja tu kati ya mengi. Leo mtoto anatahiriwa hospitalini akiwa mdogo, anarudi nyumbani siku hiyohiyo, na mafunzo yameachwa njiani. Ndiyo maana nasema wavulana wamepoteza zaidi ya wasichana, ingawa hakuna anayeandika kuwaulizia.

Wamisionari waliliona pengo hili mapema. Kule Masasi, Vincent Lucas wa UMCA, misheni ya Kianglikana, aliyekuwa askofu wa huko kuanzia 1926, hakulipiga marufuku jando. Alilifanya la Kikristo, na wasichana wakawekewa lao lililoitwa malango. Shule nyingine nyingi za misheni zilichagua kukaa kimya.

Baada ya Uhuru darasa lilikuwa na mambo mawili. Kulikuwa na sayansi, yaani ua, sungura, kisha binadamu kwa mchoro uliokatwa ubavuni usioonyesha mtu yeyote unayemjua. Na kulikuwa na sayansi kimu kwa wasichana: usafi, mapishi, kumlea mtoto mchanga. Namna ya kumwogesha mtoto ilifundishwa, alikotoka hapana. UMATI, chama cha uzazi na malezi bora kilichoanza mwaka 1959, kilikuwapo, lakini huduma za uzazi wa mpango zilikuwa kwa walio kwenye ndoa.

Hapa kuna jambo ambalo watu wengi hulisahau wanapolinganisha zama. Azimio la Musoma la 1974 lilipofungua milango ya shule za msingi, watoto waliingia darasa la kwanza wakiwa na miaka saba, minane, hata kumi. Kwa hiyo mada ya uzazi iliyowekwa madarasa ya juu iliwakuta wanafunzi wa miaka 14 au 15, wengi wao wakiwa wamekwisha kubalehe na wengine wamekwisha kuchezwa. Somo la darasani lilikuja kama marudio ya jambo wanalolijua, tena kwa maneno makavu zaidi. Mwalimu wako alijua hivyo, nanyi mlijua kwamba anajua.

Nusu ya pili ya miaka ya 1980 ndipo elimu ya maisha ya familia ilipoanza kujaribiwa shuleni, kwa msaada wa shirika la Umoja wa Mataifa la idadi ya watu. Ukisoma jina hilo la shirika unapata na nia yake: wasiwasi ulikuwa idadi ya watu, na mwaka 1992 nchi ikapata sera yake ya kwanza ya jambo hilo. Mwanafunzi alifundishwa kwamba familia ndogo inalisheka. Swali la msichana wa darasa la sita, kwamba mbona tumbo linauma na mbona nguo imechafuka, halikuwa ndani ya hesabu hiyo.

Kisha likaja gonjwa. Wagonjwa wa kwanza wa Ukimwi nchini walitambuliwa Kagera mwaka 1983, na kufikia mwisho wa miaka ya 1990 hakukuwa na njia ya kuuzunguka. Rais Mkapa aliutangaza kuwa janga la taifa mwishoni mwa 1999, na TACAIDS, tume ya taifa ya kudhibiti Ukimwi, ikaundwa baadaye kidogo. Kwa mara ya kwanza serikali ilitaka mwalimu aseme waziwazi namna ngono inavyoambukiza. Lakini aliisema kama anayesoma tanzia. Kizazi kizima kilijifunza kubalehe kwa picha za watu waliokonda na maneno "Ukimwi unaua", huku mtaani wakisema fulani amekanyaga miwaya. Kasoro ya hofu ni kwamba haizeeki vizuri. Kuanzia 2004 dawa za kufubaza virusi zilianza kutolewa bure, na watoto waliozaliwa na VVU wakawa wamekaa madawati yaleyale, wanameza dawa kila siku, wanamsikiliza mwalimu akisoma kwamba watakufa. Mabango ya namna hiyo yalidumu kwenye kuta za shule muda mrefu baada ya ukweli kubadilika.

Kutoka kipindi hicho kuna jaribio moja ambalo kila anayetaka kuandika mtaala angepaswa kulisoma kwanza: MEMA kwa Vijana, mkoani Mwanza. Lilianza mwishoni mwa miaka ya 1990 katika jamii 20, kumi zikapewa mafunzo na kumi zikabaki za kulinganisha, na vijana zaidi ya 9,000 wakafuatiliwa. Mafunzo yalikuwa darasa la tano hadi la saba, vipindi kama kumi na viwili kwa mwaka, kwa maigizo na wanafunzi viongozi, huku wahudumu wa zahanati wakifundishwa kupokea vijana bila kuwakaripia. Ili kupata vijana wa umri wa miaka 14 na zaidi, watafiti waliwachukua darasa la nne hadi la sita; hiyo peke yake inakuonyesha darasa la wakati huo lilivyokuwa. Kuwaonyesha wanafunzi namna ya kutumia kondomu hakukuruhusiwa darasani.

Matokeo yalikuwa haya. Maarifa yalipanda, na yalibaki juu hata miaka mingi baadaye. Mitazamo ilibadilika kiasi, na baadhi ya vijana walisema wamebadili mwenendo. Lakini walipopimwa damu na kuhesabiwa mimba, tofauti ya maana kati ya jamii zile kumi na kumi haikuonekana. Wengine wamelichukua hilo kuwa ushahidi kwamba elimu hii haina faida. Hapo wanakosea. Jaribio lilionyesha kwamba kujua ni kitu kimoja, na kuwa na uwezo wa kutumia unachokijua ni kingine. Msichana aliyefundishwa vizuri bado alirudi kijijini ambako ada, sabuni na mafuta ya kujipaka vilitoka kwa mwanamume mwenye umri mkubwa, na huyo mwanamume hakuwa darasani.

Stadi za maisha zilijaribu kujibu hilo. Miaka ya 2000 ilikuwa ya igizo dhima la "sema hapana": msichana mmoja, mvulana mmoja, darasa linapiga makofi. Kuna faida ndani yake, kwa sababu mtoto anaizoesha sauti yake neno zito. Ila igizo lilimdhania binti kuwa ana chaguo, na kwamba anayemtongoza ni rika lake. Matangazo ya redio yaliyoleta mitaani neno fataki, yaani mwanamume mtu mzima anayerubuni wasichana wadogo, mwishoni mwa miaka hiyo yalikuwa karibu zaidi na ukweli, kwa sababu yalimgeukia mtu mzima. Jarida la Fema, lililoanza 1999, nalo lilifanya ambalo kitabu cha kiada hakikuweza: liliandika kama vijana wanavyozungumza, na klabu zake zikaingia sekondari.

Kilichoziangusha stadi za maisha shuleni kilikuwa kidogo kuliko dini na siasa. Kilikuwa mtihani. Ziliwekwa kuwa "mtambuka", maana yake zisambazwe ndani ya masomo mengine. Jambo la kila mwalimu huwa halina mwalimu, na lisilotungiwa swali kwenye mtihani wa taifa hurukwa mwezi wa nane, marudio yanapoanza.

Sekondari kuna kikwazo cha pili, ambacho kwa maoni yangu hakisemwi vya kutosha. Katika muhtasari wa baiolojia uliotumika kwa miaka mingi kuanzia 2005, uzazi uliwekwa kidato cha tatu, na VVU na magonjwa ya zinaa yakapewa mada yake mwishoni kabisa mwa kidato cha nne. Yote kwa Kiingereza. Kiingereza kinampa mwalimu pazia: anataja viungo vyote bila kuona haya, kwa sababu maneno hayo hayamuumi mtu. Mwanafunzi anapata alama zake, halafu akirudi nyumbani hana neno hata moja la kumuulizia mama yake. Maneno anayoyajua kwa Kiswahili ni ya matusi au ya kitoto.

Badiliko kubwa la miaka 15 iliyopita limepitia mlango ambao hakuna aliyeutazamia, nao ni choo. Elimu ya hedhi imeingia shuleni pamoja na miradi ya maji na usafi, na imekubalika kirahisi kwa sababu hakuna kiongozi wa dini anayepinga sabuni. Mwongozo wa usafi shuleni unataka tundu moja la choo kwa wasichana 20 na moja kwa wavulana 25, chumba cha kujisitiri chenye maji, na mahali pa kuteketezea pedi zilizotumika. Taulo za kike zimefika mpaka bungeni: kodi ya ongezeko la thamani iliondolewa katika bajeti ya 2018, ikarudishwa mwaka uliofuata kwa maelezo kwamba bei haikushuka. Bibi zetu wangeshangaa kusikia waziri anataja hedhi hadharani, nami nalihesabu hilo kuwa badiliko halisi. Ubaya wake ni pale mradi unapokuja siku moja na katoni za pedi, picha zikapigwa, wavulana wakafukuzwa nje. Pedi za katoni huisha baada ya miezi miwili, na wavulana waliofukuzwa ndio watakaocheka doa la kwanza.

Sheria nayo ilikuwa ikifundisha kwa upande wake. Kwa miaka mingi mwanafunzi aliyepata mimba alifukuzwa, na shule nyingi ziliwapima wasichana mimba bila ridhaa. Mwaka 2016 Sheria ya Elimu ilirekebishwa, na anayempa mwanafunzi mimba akawekewa kifungo cha miaka 30. Mwaka 2017 Rais Magufuli alisisitiza kwamba mwanafunzi aliyezaa hatarudi darasani. Novemba 2021 wizara ikatangaza kwamba atarudi. Zanzibar ilikuwa imetangulia kuruhusu. Tazama athari yake kwa somo lenyewe: palipo na adhabu ya kufukuzwa, msichana hawezi kuuliza swali lolote kuhusu mimba, maana kuuliza tu ni kujichongea.

Na sasa mtaala mpya. Walioanza darasa la tatu mwaka 2024 ndio wa kwanza kumaliza elimu ya msingi kwa miaka sita. Mtoto anayeingia darasa la kwanza na miaka sita atatoka msingi akiwa na 12. Rudi kwenye ile hesabu ya Musoma: mada ileile, darasa lilelile, lakini mtoto ni mdogo kwa miaka miwili au mitatu. Kwa mara ya kwanza katika historia yetu darasa lina nafasi ya kumfikia mtoto kabla mwili haujamfikia. Iwapo itatumika inategemea mwalimu aliyepo, kwa hiyo kamuulize.

Mkuu wa shule muulize nani ni mwalimu wa malezi kwa wasichana na nani kwa wavulana, kwa majina. Uliza chumba cha kujisitiri kiko wapi, na ufunguo anakaa nao nani. Ukiambiwa uko kwa mwalimu wa zamu, ambaye wiki hii ni mwanamume, tatizo umeshalipata. Uliza dawati la ulinzi wa mtoto lipo au ni kibao tu mlangoni. Kisha uliza kama wanatumia sanduku la maswali, na vipi. Linalofanya kazi huendeshwa hivi: karatasi zote zikatwe ukubwa mmoja, kila mtoto aandike, asiye na swali aandike "sina swali", na mwalimu aondoke nazo akazisome jioni, ajibu kipindi kinachofuata. Wakiandika wenye maswali tu, darasa zima linawatazama. Mwalimu akizisoma hapohapo, atakutana na swali asiloliweza, atacheka au atakaripia, na sanduku litakuwa tupu kuanzia siku hiyo.

Nyumbani, anza na maneno. Mpe majina ya Kiswahili ya viungo vyake, yenye heshima na yasiyofichaficha: uke, uume, mji wa mimba, hedhi. Kisha mweleze mpangilio: matiti, nywele za kinena na kwapani, kurefuka haraka, ute mweupe kwenye chupi miezi michache kabla, halafu damu. Huo ute watoto wengi huudhani ugonjwa. Damu hukaa siku mbili hadi saba, na kwa ujumla wake ni vijiko vichache vya chakula, ingawa machoni huonekana nyingi. Miaka miwili ya mwanzo huruka miezi. Asitishike, wala wewe usimtuhumu.

Mwandalie mfuko mdogo wa kukaa kwenye begi: pedi mbili, chupi moja ya akiba, kipande cha sabuni, mfuko wa plastiki wa kufungia iliyochafuka. Abadilishe kila baada ya saa nne hadi sita, hata kama haijajaa. Kama mnatumia vitambaa, viloweke kwenye maji baridi, kwa sababu ya moto hugandisha damu, vifuliwe kwa sabuni na kuanikwa juani palipo wazi. Vinavyofichwa chini ya godoro havikauki sawasawa, na unyevu huo ndio unaoleta muwasho na harufu. Mfundishe kuvaa pedi sasa, kabla hajaihitaji, kwenye chupi iliyo mkononi. Mpeleke kwa daktari akilowesha pedi nzima kila saa moja au mbili, hedhi ikizidi siku saba, au akifika miaka 15 bila kuiona. Na kwa kuwa ana miaka 10, uliza zahanati kuhusu chanjo ya kuzuia saratani ya mlango wa kizazi. Tangu 2024 ni dozi moja kwa wasichana wa miaka 9 hadi 14, na mara nyingi hutolewa shuleni.

Kama ana kaka, naye aambiwe. Kwake kubalehe huanza kati ya miaka 9 na 14, kwanza korodani kukua, sauti baadaye. Mtoto wa madrasa atakuwa amesikia habari za kuota usingizini na kuoga janaba, jambo ambalo ni afadhali kuliko ukimya wa wenzake wengi. Ila hata yeye aelezwe na baba au mjomba kwamba si ugonjwa wala si dhambi, na aelezwe hedhi ni nini.

Kuhusu mahusiano, ambako shule bado ni dhaifu kuliko kwingine kote, usianze na wavulana. Anza na watu wazima: bodaboda anayempa lifti ya bure, jirani anayemtuma dukani na kumwachia chenji, mwalimu anayetaka madaftari yapelekwe nyumbani kwake. Mwambie ni siri gani haziwekwi, na kwamba akikuambia hutamchapa. Mfundishe pia namba 116, simu ya bure ya mtoto, aijue kwa kichwa.

Na somo? Mtafutie, kwa nini asiwe naye. Chagua shangazi au rafiki yako ambaye binti anamcheka bila woga, kisha kaa naye kwanza ninyi wawili mkubaliane: afundishe usafi, mwili, kujitunza, kukataa, na nyimbo zile anazozikumbuka zinazofaa umri wake. Mambo ya kumtuliza mume yasubiri, siku hizi yana kicheni pati yake. Likizo ya Juni inatosha, wikendi mbili tatu, bila kumfungia ndani wala kumkosesha kipindi hata kimoja.